Wiki Mbili, Ghorofa ya Tano

Tulianza kwa mzaha, mimi na Idil,
zamu ya usiku, wodi ya watoto wachanga, chai imeshapoa:
Nipe kwako nikupe kwangu, nione unalalaje
hata kila asubuhi wewe unanukia ubani
na mimi nanuka mafuta ya taa.

Disemba ikaingia, mzaha ukapata tarehe.
Akahamia Kawangware na Warsame, na watoto wanne, na birika lake;
sisi tukapanda Isilii, ghorofa ya tano,
Ombati akihesabu ngazi kwa sauti kama mtu anayedai.

Aliniachia karatasi jikoni:
Maji hufika Jumanne usiku wa manane. Amka.
Maziwa ya ngamia usiyachemshe.
Jirani wa kushoto atabisha kuomba sukari. Hataki sukari.
Nami nilikuwa nimemwandikia:
Mlango uinue kidogo ndipo usukume.
Paka si wetu, ila anakula kwetu.
Mboga chungu zilaze kwenye maziwa.

Siku ya tatu Nyabuto alikula wali kwa ndizi mbivu
akanitazama kama niliyemficha jambo miaka tisa.
Kwamboka akajifunza kuketi kwenye zulia, mgongo ukutani,
akasema, Mama, huku chini dari iko mbali.
Alfajiri adhana ilituamsha sote;
Ombati, Msabato wa kutupwa, akaanza kusali saa hiyo hiyo,
maadamu, alisema, nimeshaamshwa.

Na jirani alibisha. Nikampa sukari. Akaketi hadi saa sita
akinisimulia mume wa dada yake, nusu kwa Kiswahili, nusu kwa mikono.
Alipoondoka sukari aliisahau mezani.

Lakini nyuma ya mlango palikuwa na mkoba.
Mweusi, zipu imeshonwa upya kwa uzi wa bluu,
umejaa, umesimama wima kama mtu aliyekwisha kuvaa viatu.
Kila tulipofungua mlango, tuliugonga.
Siku ya tano Ombati akaubeba, akaupandisha juu ya kabati.
Tumewafungulia njia, akasema, akapangusa mikono.
Nami nikaona ni vyema. Nikapafagia palipokuwa pake.

Tuliporudi Kawangware nyumba ilinukia karafuu,
mlango hauinuliwi tena, Warsame ameupiga randa,
paka amenenepa.
Na redio ya baba inasema.

Redio ile ilikuwa kimya miaka sita.
Sindano yake ilisimama pale alipoiacha mwenyewe
akiitafuta taarifa ya saa moja jioni,
nami nilipoifuta vumbi kitufe nilikiruka.
Sasa ina waya mpya, betri mpya, sindano imehama,
na mtu asiyemjua baba anatangaza bei ya viazi.

Nililia nimeketi juu ya gunia la makaa.
Watoto wakadhani ni furaha ya kurudi.

Usiku simu ikalia. Idil, sauti imembana:
Mkoba uko wapi?
Juu ya kabati, nikamwambia.
Nikasikia kiti kikiburutwa, kisha zipu, kisha pumzi.
Halafu: Mama alitoka Kismayu mikono mitupu.
Ndiyo maana unakaa pale.
Sikuwa na la kujibu, nikamwambia ya redio.
Alinyamaza. Nikamsikia akimuuliza mumewe kwa lugha yao,
na mumewe akijibu neno moja tu, chini chini,
neno ambalo sikuhitaji kutafsiriwa.

Jumatatu kazini alinimiminia chai kabla sijavua koti.
Alinuka mafuta ya taa kidogo. Hatukuligusa jambo lile.

Redio nimeizima. Sindano sijairudisha;
ajabu ni kwamba sikumbuki ilikuwa wapi hasa.
Na jana, Jumanne, usiku wa manane, niliamka.
Kwetu Jumanne maji hayaji.
Niliamka hata hivyo, nikasimama gizani na ndoo,
nikiusikiliza mfereji.